Isidor Kaplun, Mpaka Rangi Aliyebakiza Kipande cha Ukuta

Marehemu baba yangu, Isidor Kaplun, alizaliwa tarehe 11 Machi 1932 mtaa wa Nørrebro, Kopenhagen, katika nyumba ile ile ya ghorofa ya tatu ambamo amefia. Alikuwa mtoto wa pekee wa Menachem Kaplun, mshona kofia, na mkewe Feigel, waliotoka Urusi wakiwa vijana na cherehani moja. Babu Menachem alipoikodi nyumba hiyo aliacha kipande cha ukuta mkabala na mlango bila rangi, mraba wa kama dhiraa moja, plasta tupu. Ndivyo walivyofanya baba zake kwa kulikumbuka Hekalu la Yerusalemu lililobomolewa, ili mtu asijione amefika kwao kabisa hata akiwa ndani mwake. Bibi Feigel hakuwa na maneno mengi kuhusu Hekalu. Yeye kila akirudi sokoni aliegemeza mkono wa kushoto pale pale kwenye plasta, akavua viatu vilivyombana, na kusema, "Mungu wangu, ngazi hizi zitaniua!" Miaka ikapita, mkono ukaacha alama nyeusi yenye mafuta, vidole vyote vikionekana. Baba akiwa mdogo aliweka kiganja chake juu ya alama hiyo kupima kama amekua.

Alisoma shule ya Kiyahudi ya wavulana, akawa hodari wa hesabu, ila Kiebrania kilimpiga chenga. Mwishoni mwa Septemba 1943, asubuhi ya siku ya mkesha wa Mwaka Mpya wetu, watu waliambiwa sinagogini wasilale majumbani mwao, kwa kuwa Wajerumani wangekuja kuwakamata. Jirani wa mlango wa pili, Aksel Thorsager, mpaka rangi, aliupokea ufunguo kwenye ngazi. "Nendeni, nendeni," alisema. "Maua ya Feigel nitayamwagilia mimi." Wakavuka kwenda Uswidi, na Baba akaendelea na shule mjini Malmö. Huko ndiko Bibi Feigel alikofariki kwa homa ya mapafu, tarehe 8 Februari 1945, na huko ndiko alikozikwa. Mwezi uliofuata Baba alitimiza miaka kumi na mitatu, akasimama kusoma Torati mbele ya watu kama desturi. Alisema alisoma bila kukosea hata mara moja, na akajikuta akimtafuta mama yake upande wa wanawake.

Baba na Babu walirudi Juni 1945. Tunajua wenzetu wa nchi nyingine walikuta nini kwenye nyumba zao, wale waliorudi. Hawa wawili walikuta maua dirishani, mkate mezani na shuka zimefuliwa. Tena nyumba nzima ilikuwa imepakwa rangi mpya, zawadi ya Aksel. "Na pale mlipobakiza nimewamalizia," alisema akitabasamu. "Nilikuwa nawahurumia siku zote, nikidhani rangi iliwaishia." Babu akasimama mbele ya ukuta akalia, na Ingeborg, mke wa Aksel, akamkumbatia akidhani ni furaha. Walipobaki peke yao Baba alichukua kisu cha jikoni, Babu akamdaka mkono.

"We Isidor! Mtu kakulindia nyumba miezi ishirini, leo unamkwaruzia ukuta wake?"

"Mkono wa mama uko chini yake."

"Najua uko wapi. Weka kisu."

Mwaka 1947 Aksel alimchukua Baba awe mwanafunzi wake wa kazi. Wengi wenu mliopo hapa mmelala chini ya dari alizopaka, na mnajua alivyokuwa akinung'unika akiona kazi ya fundi mwingine. Haukupita muda akafahamu kuwa rangi aliyoitumia Aksel ukutani kwetu ni ile ya chaki na gundi, ambayo maji ya moto na sifongo huiondoa yote bila taabu. Angeweza kuiosha siku yoyote. Badala yake, kila mara nyumba yetu ilipopakwa upya alikizunguka kipande kile na kuiacha rangi ya Aksel kama ilivyo, ikawa manjano, na ukuta ukapata mraba wake tena. "Kijana, pale umeruka," Aksel alimwambia zaidi ya mara moja. "Najua, bosi," Baba akajibu, na mambo yakaishia hapo. Aksel alifariki mwaka 1961 bila kuambiwa siri ya mraba ule. Sababu ya kumstahi ikawa imekwisha, lakini maji ya kuuosha ukuta hayakuchemshwa.

Tarehe 15 Juni 1958 alifunga ndoa na Tove Gelbart katika sinagogi letu la hapa mjini, akaikanyaga glasi, kama desturi ya bwana harusi kwetu, ikavunjika kwa pigo moja. Mama alitoka katika Wayahudi wa zamani wa Denmark, na baba yake alilia kweli kweli: "Mpaka rangi! Tena wa hawa Warusi waliokuja jana!" Mama naye hakuwa mtu wa kuficha alilonalo. Siku ya kwanza tu alipoingia nyumbani aliuliza, "Fundi gani wewe, ukuta wako mwenyewe umekushinda?" Baba akamweleza habari ya Hekalu. "Kwetu tumeshakaa hapa miaka mia mbili," Mama akasema, "tulilia tukamaliza." Ndipo akamweleza na habari ya mkono. Mama akamwambia basi auoshe, yeye mwenyewe angeshika ndoo. "Nikiosha nikakuta hakuna kitu, Tove, mama atakuwa amenifia mara ya pili." Mama hakuuliza tena.

Mwaka 1979 tulikwenda Yerusalemu. Baba alisimama mbele ya ule Ukuta, mabaki ya Hekalu, kwa muda, akaugusa, akarudi kwetu. Mjomba mmoja alimuuliza anajisikiaje. "Ukuta mzuri," alisema. "Lakini si ule." Nilikasirika, nikaona ametuaibisha mbele ya ukoo mzima. Lakini kila Pasaka, tulipofunga karamu kwa maneno ya desturi, ndiye aliyesema kwa sauti kuliko wote, "Mwakani Yerusalemu!" na akisema hivyo macho yake yalikwenda kwenye korido, penye mraba ule. Sisi Waisraeli tumefundishwa tangu enzi na enzi kuitamani nyumba ambayo hakuna aliye hai aliyeiona. Baba alilifanya hilo kwa uaminifu, ila nyumba yake ilikuwa na kipimo cha kiganja kimoja.

Mama alitutoka mwaka 2011. Mwaka 2018 moyo wa Baba ulianza kuchoka, miguu ikavimba, na ngazi za kwetu zikawa mlima kwake. Aprili 2019, tukiwa katika usafi wa Pasaka, mimi mwanawe nikifuta makabati, aliniita kutoka kwenye kiti chake cha koridoni.

"Hanne, chemsha maji."

"Chai?"

"Chai ya nini! Maji ya ndoo. Na sifongo safi, si hilo la vyombo."

Nilielewa, nikaenda kuchemsha maji. Aliniongoza neno kwa neno: lowesha, subiri, usisugue, futa kutoka juu kwenda chini. Rangi ya Aksel ikashuka kama maziwa. Baba alikuwa amefumba macho.

"Mkono upo?"

Nilitazama kila pembe. Plasta ilikuwa nyeupe kama unga; Aksel, fundi mzuri, bila shaka aliisugua kwanza kabla ya kupaka.

"Haupo, Baba."

Akafumbua macho akaangalia mwenyewe. Nilijuta kuwa hodari wa kufuata maagizo. Kisha akanyanyuka, akaegemeza mkono wa kushoto ukutani, juu kidogo ya kiuno, akavua kiatu kimoja, akavua cha pili. "Mungu wangu," alisema, "ngazi hizi zitaniua." Akacheka, nami nikacheka, halafu tukalia wote wawili. Tangu siku hiyo, akitoka hata kuchukua barua tu, akirudi alifanya vivyo hivyo, na akinikuta na ndoo karibu na hapo aling'aka.

Alifariki kitandani mwake Jumapili, tarehe 3 Novemba 2019, akiwa na umri wa miaka themanini na saba. Ameacha watoto wawili, Hanne na Benny. Wajukuu Rakel, Simon na Liv. Na Grete Thorsager, binti wa Aksel, ambaye Baba alimwita dada maisha yake yote, na ambaye leo ameshika mkono wangu hapa kaburini.

Tukitoka hapa tunakwenda nyumbani kukaa matanga siku saba, na kama desturi sisi wafiwa tutavua viatu vya ngozi mlangoni. Nawaomba nanyi mtakaokuja mvue, na mkivua, jishikeni ukutani pale, kwa mkono wa kushoto. Asubuhi ya leo nimewasha taa ya korido nikatazama vizuri.

Isidor, mwana wa Menachem na Feigel, lala salama. Mkono upo, Baba.