Mnada wa Kabla ya Saa Nne

Mgeni rasmi, Mwenyekiti mpya wa bodi ya benki yetu ya ushirika: wadogo kati yetu wanakuamkia shikamoo, na wakubwa wanakuuliza habari za njiani.

KARIBU BARAZANI

Tunasema barazani kwa sababu ukumbi hatuna. Ukigeuka nyuma utaona, ng'ambo ya barabara, lango la bluu lenye kufuli mbili: moja ya benki, moja ya mnunuzi. Humo ndimo ilimo karakana yetu. Tumekukalisha ukiipa mgongo si kwa hila. Ni upande huu tu wenye kivuli.

TULIKOTOKA

Karakana ile tuliijenga wenyewe, mafundi viatu kumi na tisa. Wa kwanza kuhamia alikuwa Mama Nyuzi, huyu mwenye mtandio wa kijani. Kazi yake ni kupaka uzi nta na kushona soli kwa mkono. Benchi yake, chini ya dirisha la mashariki, alitengenezewa na mumewe, mkata ngozi wetu. Mzee alipofariki, watoto walimwambia mama yao apumzike nyumbani.

"Nipumzike nizungumze na ukuta?" akawajibu. Kesho yake alikuwa kazini.

ASUBUHI YA MNADA

Deni hatulikani. Tulikopa, kiwanda kilichotuuzia ngozi kikafungwa, tukawa tunalipa kwa kudonoadonoa. Tangazo likabandikwa langoni: mnada saa nne asubuhi. Tukaafikiana tukutane pale saa tatu, pamoja na wakili wetu.

Mama Nyuzi, kama ada yake, alitangulia kufagia. Akamkuta dalali ndani na mtu mmoja tu, ndiye huyo mnunuzi, na mwingine akiwapiga picha.

"Mama, tupishe. Tuko kwenye mnada."

"Mnada gani? Karatasi imesema saa nne."

"Basi ndiyo umekwisha hivyo. Chukua kilicho chako utoke."

Alichukua miwani na msharasi wake wa kutobolea ngozi. Sisi tulipofika tulimkuta kasimama barabarani, ufagio bado mkononi.

MAHAKAMANI

Mahakama ilituambia ugomvi wa mwanachama na benki ya ushirika huanzia kwa mrajisi wa vyama vya ushirika. Mrajisi akasema habari za minada ni za mahakama. Tulipigwa danadana miaka miwili, mpaka jaji mmoja akasema, "Inatosha. Nitasikiliza mimi."

Dalali akaapa kuwa alinadi saa nne kamili, na akatoa ile picha kama ushahidi. Sisi shahidi wetu alikuwa mmoja.

"Mama, siku hiyo ulivaa saa?" aliuliza wakili wa benki.

"Saa sina, mwanangu."

"Sasa muda uliujuaje?"

"Jua lilikuwa halijafika kwenye benchi yangu. Hufika saa tatu kasoro, ndipo naweza kutunga uzi. Na hiyo picha yenu, hebu itazame. Benchi ina giza."

Watu wakacheka. Jaji hakucheka. Mwezi ule ule wa mnada ulipozunguka tena, alikuja mwenyewe asubuhi, akafunguliwa karakana, akasimama kando ya benchi akitazama saa yake. Mwanga ulipogusa ubao, aliandika. Saa nne benchi yote ilikuwa inang'aa.

Mnada ukabatilishwa. Tulishangilia mpaka askari wa mahakama akatutoa nje.

TULIPO SASA

Furaha ilidumu siku kumi na moja. Benki ilikata rufaa, na amri ikatoka kwamba asiingie mtu mpaka isikilizwe. Huu ni mwaka wa nne. Tumeshinda, na tuko nje.

Kila asubuhi Mama Nyuzi huvuka barabara, huweka kiganja kwenye lango, kisha hurudi kuketi nasi. Mdogo wetu mmoja alimwambia, "Mama, si jengo tu lile?"

"Wewe bado hujaondokewa na mtu ukabaki na mahali pake," akamjibu.

TUNACHOOMBA

Hatuombi deni lifutwe. Tutalilipa tukiwa kazini. Rufaa ni ya benki, na aliyeifungua ndiye awezaye kuiondoa. Tunaomba iondolewe.

Tulidhani risala inaishia hapo. Lakini jana tulipomsomea, Mama Nyuzi alisema tumesahau jambo. Ndani mle kuna viatu vya mwalimu mmoja, alivyovileta wiki ya mnada. Cha kulia kilikamilika, cha kushoto bado. Mwalimu sasa amestaafu. Kila Jumamosi hupita hapa, humsalimia Mama Nyuzi, wala hajawahi kuvitaja.

"Mwambieni mgeni," alisema, "kazi iliyobaki ni ya nusu siku tu."

Mungu akujalie sikio la kusikia na mkono mwepesi wa kutenda, akurudishe kwako salama.

Ni sisi,
Chama cha Ushirika cha Mafundi Viatu,
wanachama kumi na sita tuliobaki.