Risala ya Mafundi wa Viungo Bandia Kuhusu Kiti cha Mkuu wa Karakana

Mgeni rasmi, Katibu Mkuu unayesimamia watumishi wa umma. Mganga Mkuu wa hospitali yetu. Wafanyakazi wenzetu, pamoja na wagonjwa mliotuachia nafasi ya kusoma: tunawasalimu kwa heshima.

KARIBU

Tunakushukuru kwa kukubali kuingia katika vumbi letu la plasta. Kiti chako tumekifuta zaidi ya mara moja, na bado tunaiombea radhi suruali yako.

TULIKOTOKA

Karakana hii ilianza katika chumba kilichokuwa stoo ya magodoro, nyuma ya jengo la kufulia. Mkuu wa kwanza alipostaafu, fundi wetu mwandamizi aliambiwa akaimu mpaka apatikane mkuu kamili. Alikaimu mpaka wagonjwa wakamwita Bi Kaimu, na watoto wakadhani ndilo jina alilopewa na wazazi wake. Yeye ndiye aliyemleta hapa mume wa mdogo wake, akamfundisha kazi tangu kushika patasi. Sote tukamwita Shemeji, hata sisi tusio na undugu naye.

TUNAYOJIVUNIA

Bi Kaimu alichukua umbo la mguu kwa plasta. Shemeji akachonga, akashona mikanda na kumsimamisha mgonjwa kati ya reli mbili za kujifunzia kutembea. Walikuwa chanda na pete. Mwalimu mmoja aliyeletwa hapa akiwa amebebwa mgongoni na kaka yake alitoka kwa miguu, akasahau magongo yake kwenye benchi. Hatukumkimbilia kumrudishia.

YALIYOTUSIBU

Mgeni rasmi, hapa tunaomba utuvumilie, kwa kuwa ofisi tutakayoitaja ni yako, ingawa wakati huo hukuwa umekalia kiti hicho.

Nafasi ya mkuu ilipotangazwa, Bi Kaimu aliomba. Shemeji naye aliomba, kwa ushauri wa Bi Kaimu mwenyewe, ili azoee mambo ya usaili. Akaitwa Shemeji peke yake. Alirudi na cheo, hajui acheke au alie. Bi Kaimu alimpa mkono mbele yetu sote, kisha akaiuliza ofisi kwa nini yeye hakuitwa. Akajibiwa kwamba uamuzi ni wa mwisho na ofisi hailazimiki kutoa sababu.

Jibu hilo lilimuuma kuliko kukosa cheo. Akaenda mahakamani kuomba uamuzi huo upitiwe. Wengi wetu tulimpigia makofi. Shemeji alimwambia afanye anachoona ni haki, na tunaamini aliyasema hayo kwa moyo safi.

Jaji alitueleza jambo tusilolijua. Alisema mahakama haiichagulii karakana mkuu wala haimpandishi mtu cheo. Inatazama tu kama mwenye mamlaka alifuata sheria alipoamua. Akaona hakufuata: mtu mwenye sifa hakusikilizwa wala hakupewa sababu. Akautengua uamuzi, akaagiza kazi ya kumtafuta mkuu ianze upya.

Tulitoka tukishangilia. Bi Kaimu peke yake ndiye aliyegeuka kumtafuta Shemeji, aliyekuwa ameketi benchi la nyuma. Alikuwa ameshaondoka.

Uamuzi ulipotenguliwa, cheo cha Shemeji kilikufa nao, na mshahara wake ukarudi ulikokuwa. Hakuwa amekosa lolote, na yeye pia hakuna aliyemsikiliza. Hakugomba na mtu. Aliomba uhamisho, akakunja aproni yake, akamuaga kila mmoja wetu, hata Bi Kaimu. Mkewe ndiye hakuaga. Tangu hapo hajakanyaga nyumbani kwa dada yake.

Baadaye, tukiwa kwenye chai, mmoja wetu alimpongeza tena Bi Kaimu kwa ushindi. Akaweka kikombe chini.

"Niliishtaki ofisi," alisema. "Aliyehukumiwa ni shemeji yangu."

Kisha akarudi kwenye plasta yake, akaiacha chai ikapoa.

Mpaka leo kazi ya kumtafuta mkuu haijaanza. Bi Kaimu bado anakaimu. Miguu inatengenezwa, lakini wa kuifunga ikakaa vizuri hayupo. Wagonjwa wanarudi na malengelenge, na watoto wanakua, wanaizidi miguu yao kabla haijakamilika.

TUNAYOYAOMBA

Tunaomba agizo la mahakama litekelezwe, na wote wenye sifa waitwe. Atakayekosa aambiwe sababu. Sababu ikitolewa mapema, ndugu hawafikishani mahakamani.

Tulikuwa tumeandika ombi jingine, kwamba Bi Kaimu apewe cheo anachostahili. Jana tulimsomea, akatutaka tulifute. Tulibishana naye mpaka mlinzi akaja kufunga milango.

"Mkisimama mbele ya mgeni, msiniombee cheo," alisema. "Niombeeni mtu wangu arudi."

Bado tunaamini anastahili. Lakini tumelifuta, na mahali pake tumeweka hili: Shemeji arudishwe, waitwe wote wawili kwenye usaili, na atakayeshinda ashinde baada ya mwenzake naye kusikilizwa.

Bi Kaimu hayumo katika mstari huu uliosimama mbele yako, mgeni rasmi. Yuko ndani, amepiga magoti, anamfunga mgonjwa mikanda ambayo mikono yake haijaizoea.

Mungu akupe masikio mapana kama mamlaka yako, na akufikishe salama kwa watu wako.

Ni sisi,
Mafundi na Wahudumu wa Karakana ya Viungo Bandia