Habari Niliyoikalia Miezi Kumi na Moja

Wakubwa zangu, shikamooni. Wenzangu, poleni na jua la leo. Mwenyekiti amenipa robo saa, na nawaona wanaonijua wameshaanza kucheka, maana robo saa kwangu ni ya salamu tu. Leo sitanii. Nimeomba mwenyewe kusimama mbele ya chama chetu hiki cha kuzikana, na majina ya watu sitayataja, kwa sababu aibu ni yangu, si yao.

Mnanijua kwa vifungo na zipu, pale Kariakoo. Mnanijua na kwa domo. Mteja akipita kizimbani kwangu bila kununua, ataondoka amecheka au amenuna, lakini hatoki hivi hivi. Basi mtu mwenye domo hilo alishindwa kumwambia mama yake mzazi maneno matatu. Mama, mwanao amefariki. Ndiyo hayo tu.

Mdogo wangu wa kiume, kitinda mimba wa mama, alienda Sauzi kutafuta maisha kama wanavyoenda vijana wetu wengi. Kila Jumapili mchana alikuwa anapiga kwa intaneti kwenye simu yangu, nampa mama, wanaongea mpaka sikio la mama linapata moto. Mama mwenyewe ana kitochi, kile kisimu kisicho na intaneti, na macho yake yana mtoto wa jicho, hawezi kusoma. Kwa hiyo njia ya yule mtoto kumfikia mama yake ilikuwa moja tu, na ilikuwa mimi.

Ikaja wiki ambayo mama alilazwa kwa presha. Mdomo umepinda, mkono wa kushoto hauinuki. Na ndiyo wiki hiyo hiyo nilipigiwa simu na namba ngeni. Gari limemgonga mdogo wangu akivuka barabara kwenda kazini. Watanzania wenzake walimwosha, wakamswalia, wakamzika huko huko.

Tukakaa kikao cha familia chini ya ngazi za hospitali. Mjomba wangu akasema, "Ukimwambia sasa hivi, tutazika wawili. Subiri apate nafuu. Wewe ndiye unayekaa naye, saa nzuri utaijua mwenyewe." Wote tukaitikia. Na ninyi msijifanye watakatifu hapo, mngeitikia vile vile. Ndiyo desturi yetu. Mgonjwa hapewi habari ya msiba, anaambiwa "anaumwa kidogo", kesho "kazidiwa", mpaka moyo wake uzoee.

Ndugu zangu, nawaambia, saa nzuri ya kumwambia mama kwamba mwanawe amekufa haipo. Nimeitafuta miezi kumi na moja.

Mwezi wa pili mama alikuwa anatembea. Akaanza kuuliza, "Mdogo wako mbona hapigi?" Nikasema amepata kazi mgodini, chini kabisa, mtandao haushiki, anatuma ujumbe tu. Akasema, "Basi nisomee." La haula! Nikafungua simu, nikatazama kioo ambacho hakina kitu, nikamsomea. "Mama shikamoo, mimi mzima, niombee." Mama akaitikia marahaba. Akainua mikono akamwombea umri mrefu.

Wazee walisema njia ya mwongo ni fupi. Yangu mimi ilirefuka, maana kila Jumapili nilimsomea. Nilimtungia mdogo wangu bosi mkali, nikamtungia mchumba, nikamtungia na mafua. Mama akaanza kumshonea kofia ya Idi, kwa mkono, na macho yale yale mabovu, akiniita nimtungie uzi kwenye sindano. Nikawa namtungia.

Sasa uongo unataka mlinzi. Mama alikuwa na kiti chake barazani, kila apitaye anamsalimu. Nikakiingiza ndani, nikamwambia daktari kakataza upepo. Jirani yangu wa mlango wa pili, mwanamke mwema, alisikia kwa watu wa Sauzi akaja na kanga yake kichwani kunipa pole. Nilimfukuza pale mlangoni kama mwizi. Nilimtukana, jamani. Na ninyi mliona nimeacha kuhudhuria misiba, mkasema nina maringo. Niliogopa mtu ataniambia pole mbele za watu. Hiki chama kina turubai, kina viti, kina masufuria, kina watu wa kulia nao, na mimi mwanachama nilikificha msiba wangu. Sikumlinda mama. Nilimfunga ndani, na funguo nikakaa nazo mimi.

Sasa nisikilizeni vizuri, maana hapa mtashangaa.

Alikuja binti mmoja kizimbani, msomi, mpole. Anataka vifungo vyeusi vizito, hata visipofanana. Nikamuuliza, "Unashona nini mwanangu, joho la mganga?" Akacheka. "Sishoni, mama. Natunga mchezo." Akanieleza kwamba ni mchezo mpya wa mezani, wa hadithi. Yeye anakuwa Msimulizi. Ninyi wengine kila mmoja anachota kadi, kadi inamwambia yeye ni nani katika hiyo nchi ya hadithi. Mnasema mnafanya nini, na pakiwa na shaka kama mtaweza, mnatupa dadu. Hakuna mshindi. Mnaenda na hadithi mpaka iishe. Alikuwa anatafuta watu wa kuujaribu, Jumapili mchana, chumbani kwa fundi cherehani ghorofa ya pili, juu ya kizimba changu.

Nikakubali. Msije mkadhani nilipenda mchezo. Jumapili mchana ndiyo ilikuwa saa ya kumsomea mama, na nilikuwa nimechoka kutunga. Nilimkimbia mama yangu, salamu nikawa namsomea mbili tatu usiku nikirudi.

Tulikuwa watatu na Msimulizi wetu. Fundi akachota kadi ya jitu la milimani. Mpagazi mmoja wa mkokoteni, mwenye mabega kama mlango, akachota kadi ya mchawi anayenusa mvua, akafurahi huyo! Mimi nikachota Tarishi. Nyuma ya kadi palikuwa pameandikwa: "Umetoka vitani. Mwana wa Malkia amekufa. Wewe unajua, Malkia hajui."

Nilimkodolea macho yule binti. Nani kamwambia? Hakuna aliyemwambia. Kadi zilikuwa nane mezani, na mkono uliochota ni wangu.

Akaanza kama bibi zetu walivyoanza. "Hadithi hadithi?" Tukaitika, "Hadithi njoo, uongo njoo, utamu kolea." Akatueleza nchi yenyewe. Jua limesimama mahali pamoja tangu vita viishe, halizami, kwa sababu Malkia amekataa siku iishe kabla mwanawe hajarudi. Mashamba yameungua, watu hawalali. Na sheria ilikuwa hii: kila mara Tarishi akipata nafasi ya kufikisha habari asiifikishe, anawekewa kifungo kimoja kwenye kikombe chake. Tukitupa dadu, vifungo vile vinatolewa kwenye namba tuliyopata, sisi sote, si mimi peke yangu.

Jumapili tatu nilizunguka. Malkia akituma watu kuniuliza, nasema mwanawe yuko njiani. Kifungo. Nalala kijijini, najifanya naumwa mguu. Kifungo. Nilikuwa hodari, mazoezi nilikuwa nayo. Yule mpagazi akakasirika kweli kweli. "Mama, wewe unatuzamisha! Dadu imetoa tano, vifungo vyako vitano, huu mto tutauvuka lini?" Nikamjibu kwa ukali nisioweza kuurudia hapa. Yeye masikini alikuwa anazungumzia mto wa mezani.

Jumapili ya nne tukafika ikulu, hapana tena pa kukimbilia. Binti akakaa wima, akawa Malkia. Akaniuliza, "Tarishi, mwanangu anakuja lini?"

Nikasema, "Yuko njiani, Malkia."

Nikajua ataweka kifungo. Hakuweka. Alisema taratibu tu, "Haya. Basi wasimwondolee sahani yake. Nitaendelea kumngoja kula."

Jamani. Asubuhi ile ile mama yangu alikuwa ameniuliza kama mgodini wanakula kwa wakati. Fundi, mtu asiyejua lolote, akainama upande wangu akasema, "Dada, mwambie mama wa watu. Mwache alie. Kulia ni haki yake."

Nikasema, "Malkia, mwanao amefariki."

Binti akauliza, bado ni Malkia, "Lini?"

"Miezi kumi na moja sasa."

Hapo fundi na mpagazi wakatazamana. Kwenye hadithi yao vita viliisha siku saba zilizopita. Yule binti alinitazama, nikaona ameelewa. Akasema, "Mama, tusimame?" Nikamwambia, "Usisimame. Niulize." Akaziweka dadu pembeni, akaniuliza polepole. Nani alikuwa naye? Nani alimzika? Mbona hukuniambia? Nikajibu yote. La mwisho nilijibu kwa kilio ambacho wateja wa chini walikisikia. Nilisema, "Nilidhani nakuokoa, kumbe nilikuwa naogopa kukuona."

Mpagazi yule akasimama akanimiminia maji ya kunywa kwenye bilauri. Fundi akasema, "Sasa huku umeshaweza. Nyumbani usiende peke yako. Habari hii haipelekwi na mtu mmoja."

Nikaenda moja kwa moja kwa jirani niliyemfukuza. Nilipiga magoti mlangoni kwake. Hakuniuliza kitu, alichukua kanga, akampitia na mjomba wangu, tukaingia watatu.

Mama alikuwa amekaa kwenye mkeka, kofia mapajani. Alivyotuona watatu tunavua viatu na hakuna anayetania, alishusha sindano. Nikakaa chini mbele yake nikamshika mikono.

"Mama, mwanao amefariki. Gari lilimgonga. Ni siku nyingi, ulikuwa hospitali."

Niliyafanyia mazoezi majibu ya maswali ya Malkia. Mama hakuuliza hata moja. Alinitazama, akasema, "Aliyekuwa ananisalimu ni nani?"

"Ni mimi, mama."

"Za Jumapili iliyopita?"

"Ni mimi."

"Na za Idi? Aliposema ameniota?"

"Ni mimi, mama."

Akaitoa mikono yake mikononi mwangu. Akasema, "Kwa hiyo miezi kumi na moja namwombea maiti umri mrefu. Mwanangu yuko kaburini anasubiri dua ya mama yake, na mimi namwombea mchumba." Kisha akalia. Presha haikumuua. Ninyi mlioogopa pamoja na mimi, nawaambia, haikumuua. Alilia kilio cha mtu aliyecheleweshewa, mpaka jirani akamlaza mapajani.

Alipotulia alisema neno moja kwa mjomba: "Toeni mkeka nje." Na kiti chake kikarudi barazani.

Mengine mnayajua, maana mlikuja. Mlileta turubai kwa msiba wa miezi kumi na moja, hakuna aliyeuliza mbona. Kina mama walilia kama maiti imetoka jana. Asanteni. Namshukuru jirani yangu, aliyenisamehe kabla sijamaliza kuomba. Namshukuru fundi, namshukuru na mpagazi, niliyemzamisha mtoni wiki tatu. Namshukuru yule binti. Nimemwuliza mchezo ule kautungia nini. Akaniambia ni wa kujifurahisha tu, mama, basi. Mungu ambariki na furaha yake. Mimi mezani pale nilipata pa kujaribu kusema lile neno bila kumuua mtu.

Msidhani yameisha. Siku arobaini mama hakusema nami zaidi ya salamu. Nilikuwa nampikia, anakula, anasema asante, basi. Siku ya arobaini na moja aliniita nimtungie uzi kwenye sindano. Nikatunga, nalia. Akasema, "Sijakusamehe bado. Lakini nenda kwenye chama chenu ukawaambie, wasije wakamfanyia hivi mama mwingine." Ndiye huyo aliyenilazimisha kusimama hapa.

Kwa hiyo nawaambieni. Mgonjwa apewe daktari, apewe na habari yake. Msimpe mtu mmoja jukumu la kuingoja saa nzuri. Nendeni wawili, watatu, kaeni chini, semeni, mbaki naye. Na ikifika zamu yangu, hata kama nina dripu mkononi, njooni mniambie siku hiyo hiyo.

La mwisho, mwenyekiti, halafu nakaa. Kila mkutano tunasoma majina ya marehemu wa mwaka, na mdogo wangu hajawahi kusomwa, kwa sababu yangu. Jina lake nimempa katibu asubuhi hii. Mama yuko pale mstari wa nyuma, karibu na mlango. Katibu, naomba ulisome kwa sauti, macho yake hayaoni mbali lakini masikio ni mazima.