Nywele Alizozisahau Bi Fumie

Baada ya miaka thelathini na minane ya kujaza weusi, Bi Fumie Nagasawa anastaafu leo, tarehe 31 Machi, kutoka jarida letu la hadithi za michoro hapa Tokyo. Mimi Shimura, jirani yake wa meza, naandika haya mbiombio. Roho haijatulia: jibu kuhusu ukurasa wake mmoja wa zamani halijafika.

Mchoraji akiweka alama ya penseli, Bi Fumie hujaza wino: usiku, vivuli, nywele. Na huyu mama hakai! Hata tonge lake la wali hulila akizunguka meza, ukurasa mkononi. Ukimsifia rangi atakukata kauli: “Rangi inakumalizia kila kitu. Nyeusi na nyeupe inakuachia nusu yako.”

Ajabu, sifa yake kubwa imetokana na kusahau. Mwaka wake wa pili, siku ya kupeleka kurasa kiwandani, aliruka nywele za Toki, binti muuza tofu, ile jibini ya soya, katika hadithi yetu. Picha moja ikatoka kichwa cheupe pe. Mzee Tsukuda, mchoraji, akawaka: “Umenizeeshea binti!” Lakini barua zikamiminika. Wasomaji walitaka kujua ni msiba gani uliomwotesha Toki mvi ghafla, na wengine walikuwa wamekwisha kulia. Mzee akameza hasira, akauchora msiba wenyewe, kifo cha mdogo wake Toki. Mpaka leo hakuna sura inayopendwa kuliko hiyo.

Sasa hadithi inachapishwa upya kwa rangi, na wakubwa wameagiza kosa lisahihishwe, nywele ziwe nyeusi. Wiki nzima Bi Fumie amepanda ngazi na kushuka. “Mkizipaka, ule msiba mtauweka wapi?” Wakubwa wakamtupia mpira Mzee Tsukuda aamue, naye siku hizi haonekani ofisini. Jana nilimwambia Bi Fumie, “Dada, utaanguka, hebu keti.” Akanijibu, “Nitaketi Aprili.”

Saa nne hii, nikiwa bado naandika, bahasha imeletwa. Ndani mna ukurasa ule wa zamani, na pembeni mwandiko wa Mzee unaotetemeka: “Usiguswe. Fumie aliumaliza siku ile ile.”

Bi Fumie ameusoma mara mbili. Kisha amevuta kiti, akaketi.

Ahsante, Dada. Huko uendako kuwe kwema, na kiti kisikuchoshe.