Mikono ya Mzee Heriberto: Maisha ya Wilmar Yesid Ocampo Buriticá (1981–2024)

Ndugu, jamaa, marafiki na majirani wa Jackson Heights, wasifu huu umeandikwa na Nubia Ocampo, dada mkubwa wa marehemu, na ndiye anayewasomea. Uliandikwa mara mbili. Ule wa kwanza ulikuwa mtamu zaidi, lakini baba wa marehemu aliukataa. Huu mnaousikia ni wa pili.

Marehemu Wilmar Yesid Ocampo Buriticá alizaliwa Jumamosi, tarehe 14 Machi 1981, Elmhurst, Queens, akiwa mtoto wa pili na kitinda mimba wa Mzee Heriberto Ocampo na Mama Luz Mila Buriticá. Wazazi wake walikuwa wametoka Santa Rosa de Cabal, Kolombia, miaka mitatu kabla, wakiwa na sanduku moja na kinu cha chuma cha kusagia mahindi. Kinu hicho mama alikipakata ndani ya ndege safari nzima kwa kuwa hakuwaamini watu wa mizigo. Marehemu alibatizwa Mei mwaka huohuo. Alilia tangu mlangoni hadi baraka ya mwisho, padri akasema mtoto huyu amejaliwa mapafu. Mama akajibu kwamba angeshukuru zaidi kama angejaliwa usingizi.

Shule zote alisoma hapahapa mtaani, na alimaliza sekondari Juni 1999, kwa kusukumwa na dada yake, jambo ambalo dada huyo hatalificha. Alikuwa na akili nyingi na subira kidogo. Akiwa na miaka kumi na tano alijibu mtihani mzima wa historia kwa vina, kuanzia swali la kwanza hadi la mwisho. Mwalimu alimwita Mzee Heriberto, ambaye alifika kutoka bekari yake akiwa na aproni, unga hadi kwenye nyusi, na Kiingereza cha kuombea maji. Nubia ndiye aliyekuwa mkalimani.

“Muulize mwalimu,” Mzee alisema, “majibu ni sahihi au si sahihi?”

“Anasema ni sahihi, Baba.”

“Sasa mimi nimeitwa kufanya nini hapa? Mkate wangu uko motoni!”

Njiani kurudi Mzee aliutaka ule mtihani, akaukunja vizuri akautia mfukoni. Hakuweza kuusoma. Uko mpaka leo kwenye droo yake ya vyeti.

Marehemu alianza muziki wa rap akiwa bado anapeleka mikate ya baba yake madukani, chini ya reli ya treni namba saba inayopita juu ya mtaa, na ndiyo maana jukwaani alijiita Mogolla, jina la ule mkate mweusi wa bei nafuu ambao kila Mkolombia ameula na hakuna anayeusifia. Mwaka 2004 alitoa albamu yake ya kwanza, na ya pili mwaka 2007. Waliokuwepo wanakumbuka. Alichana kuhusu mama yake anayesafisha ofisi za watu waliolala, kuhusu mwenye nyumba, kuhusu kinyozi wake aliyemkata sikio. Alitaja watu kwa majina. Aliyetajwa vibaya alikuja bekari kulalamika, akapewa kahawa na mkate wa jibini, yakaisha. Mzee Heriberto hakuupenda muziki ule, aliuita kelele za sufuria, lakini kasha la albamu alilibandika karibu na mashine ya fedha, sambamba na picha ya Moyo Mtakatifu wa Yesu. Wateja walikuwa hawaondoki mpaka waonyeshwe.

Tarehe 19 Juni 2010 marehemu alifunga ndoa takatifu na Yamile Cárdenas, muuguzi wa meno, binti wa mtaa wa pili, aliyekuwa amemkataa mara mbili kwa sababu ya kuvaa miwani ya jua ndani ya nyumba. Mwaka 2013 Mungu aliwajalia binti, Mila, aliyepewa jina la bibi yake ambaye hakumkuta. Mama Luz Mila alikuwa ametangulia mbele ya haki Novemba 2012.

Tunafika sasa kwenye filamu. Nubia angependa kupita hapa haraka.

Mwaka 2008 watu wa sinema walikuja kupiga picha mtaani, wakamwona Wilmar na sura yake ile ya mtu anayetaka kusema kitu. Wakati huo alikuwa amechoka na rap. Alimwambia dada yake kwamba mistari ya maisha yake imekwisha, kwa kuwa maisha yenyewe bado ni mafupi. Vijana wa kinyozi hawakumhurumia. “Aa, Mogolla! Siku hizi unaokwa Hollywood?” Alicheka nao, akaenda. Katika filamu yake ya kwanza alisema maneno manne kisha akapigwa risasi. Katika ya pili alisema sita, akapigwa risasi. Ndivyo walivyomtaka: Mkolombia, afe mapema. Mama yake, Mungu amrehemu, kila akisikia ana kazi mpya alimpigia simu.

“We Wilmar, na hii unakufa?”

“Nakufa, Mama.”

“Mapema au mwishoni? Nijue kahawa ya novena ya matanga niiteleke lini.”

Alikufa hivyo mara tisa. Alikuwa mwigizaji mzuri kuliko walichompa, na hilo lisemwe hapa kwa kuwa magazeti hayakulisema.

Mwaka 2014 aliitwa kwenye usaili wa tamthilia kubwa ya televisheni. Nafasi ilikuwa ya Don Abelardo, mzee muuaji kutoka milima ya kahawa. Wangemzeesha kwa vipodozi. Lakini mwongozaji alimwambia kwamba Kihispania chake ni cha Queens, mikono yake ni ya Queens, hata kukaa kwake ni kwa Queens. Akamtafute mtu wa milimani ndani yake, arudi baada ya wiki mbili.

Wilmar alikwenda bekari. Kwa wiki mbili alifika saa kumi na moja alfajiri, akasimama kando ya baba yake, akakanda, akauliza maswali. Mzee Heriberto aliamini kwamba mwanawe amerudi. Hakuna aliyemwambia hivyo, na hakuna aliyemwambia sivyo. Alimnunulia aproni mpya. Alimfundisha kupima joto la tanuri kwa kiganja, jambo ambalo hakuwa amemfundisha mtu yeyote. Alimwambia Nubia, huku akijifanya anahesabu trei, “Umeona? Damu si maji. Mtoto huzunguka, kisha hukumbuka kwao.” Nubia alijua habari za usaili. Alinyamaza, maana hakuwa amewahi kumsikia baba yake akiimba kazini kabla ya hapo.

Wote waliowahi kununua mkate pale wanaijua desturi ya Mzee. Akishakukabidhi mfuko, anakugusa shavu kwa upande wa nyuma wa mkono, kwa sababu kiganja kina unga, na kukwambia kwa sauti ya chini, “Mungu akulipe, mwanangu.” Hivyo ndivyo baba yake alivyofanya kule Santa Rosa, na babu yake. Alimfanyia kila mtu, mwenye fedha na wa kukopa.

Wilmar aliipata ile nafasi. Jumapili moja ya Septemba 2015, saa moja jioni, majirani wapatao arobaini walijaa bekari kutazama sehemu ya kwanza. Mzee alikuwa amekaanga vitumbua vya jibini vya bure na kuvaa tai. Don Abelardo akatokea. Alitembea kama Mzee Heriberto, akipepesuka kidogo kulia. Alipuliza kahawa mara tatu kama Mzee. Kisha akamsogelea kijana aliyepigishwa magoti ghalani, akamgusa shavu kwa upande wa nyuma wa mkono, akasema kwa sauti ya chini, “Mungu akulipe, mwanangu,” akampiga risasi.

Mtu mmoja nyuma, ambaye hakuwa na nia mbaya, akacheka: “Don Heriberto! Kumbe ni wewe!” Wengine wakacheka pia. Mzee aliweka trei chini, akapanda ngazi kwenda nyumbani.

Tamthilia ilipendwa duniani. Maneno yale yakachapwa kwenye fulana. Watu wakaja kutoka mbali, wakapanga foleni bekari, wakanyoosha simu zao: “Mzee, tuguse shavu! Tuambie ile yako!” Walimwomba kwa furaha, kama mtu anavyoombwa wimbo. Mzee Heriberto alinunua glavu za mpira, akaacha kumgusa mtu. Akawa anasema “ahsante” tu, kama karani wa benki.

Marehemu alikwenda kuomba radhi Oktoba 2015. Nubia alikuwepo.

“Baba, kwenye rap nilikuwa nasema mimi ni nani. Huku wananitaka niwe mtu mwingine. Na mtu mwingine ninayemjua vizuri ni wewe tu. Sikukudhihaki. Nilichukua kile ninachokipenda.”

“Nilidhani umekuja kujifunza mkate.”

“Nilijifunza pia, Baba.”

“Nilikununulia aproni,” Mzee alisema. Kisha akamwambia asikanyage tena ndani ya bekari ile.

Ilikuwa hivyo kwa miaka minane. Mwaka 2018 marehemu aliwaomba waandishi wa tamthilia wamuue Don Abelardo, akaiacha kazi iliyomfanya ajulikane, ingawa watu wote walimwona mwendawazimu. Alikuja akasimama kando ya njia, mlangoni, bila kuvuka kizingiti. “Baba, nimemuua.” Mzee alijibu akiwa ameinamia unga: “Umemuua yeye. Mimi bado wananiomba nifanye.” Baada ya hapo Wilmar alipata kazi ndogondogo, akarudia rap kidogo, lakini vijana walikuwa wamepata wengine. Hakulalamika. Alikuwa akimuuliza Nubia kila wiki, “Ameuliza habari zangu?” Na Nubia alijibu, “Ameuliza.” Alikuwa hajauliza.

Tarehe 11 Oktoba 2023 marehemu aligundulika kuwa na saratani ya kongosho. Alimwapisha dada yake asimwambie baba yao ukubwa wa ugonjwa. “Sitaki aje kwa sababu nakufa, dada. Mara tisa nimekufa, ataona ni kazi tu. Aje kwa sababu anataka.” Basi Nubia akamwambia Mzee kwamba Wilmar ana tumbo, kwamba yuko hospitali kwa vipimo, kwamba anaendelea vizuri. Februari hii alimwomba aende kumwona. Mzee akasema, “Yeye anajua bekari ilipo.” Nubia angeweza siku ile kumwambia ukweli. Alishika kiapo, na leo hajui alimshikia nani. Tarehe 5 Machi hatimaye alimwambia. Mzee alikaa chini kwenye gunia. Akasema atakwenda Jumapili, baada ya misa, akiwa amenyoa na kuvaa vizuri, maana mtu haendi kusamehe mtoto na nguo za kazi.

Marehemu aliambiwa kwamba baba anakuja Jumapili. Alifurahi sana. Alimwomba Yamile amkate nywele. Alifariki dunia Ijumaa, tarehe 8 Machi 2024, saa tisa alasiri, zikiwa zimebaki siku sita atimize miaka arobaini na mitatu.

Wasifu wa kwanza ulisema hapa kwamba alifariki akiwa amezungukwa na familia yake yote. Nubia alipomsomea Mzee Heriberto mezani, Mzee aliinua mkono.

“Futa hapo.”

“Baba, ndivyo watu wanavyoandika.”

“Mimi ni familia yake?”

“Ndiyo, Baba.”

“Nilikuwepo?”

Nubia alilia.

“Basi futa. Mtoto huyu wamemwandikia uongo vya kutosha kwenye sinema. Andika nilikuwa wapi.”

Nubia alimwambia kwamba ni yeye aliyemficha, kwamba lawama ni zake. Mzee alisema lawama zipo za kututosha sote, yeye achukue zake na amwachie zake.

Novena itasomwa nyumbani kwa Yamile kuanzia leo, siku tisa, saa kumi na mbili jioni. Kahawa ipo. Nyote mnakaribishwa.

Marehemu ameacha mjane, Yamile Cárdenas; binti mmoja, Mila, mwenye miaka kumi; dada mmoja, Nubia, aliyesema “anaendelea vizuri”; na baba, Mzee Heriberto Ocampo, mwenye miaka sabini na minane, ambaye ameomba isomwe mbele yenu wote kwamba Ijumaa ile saa tisa alikuwa bekari, anapanga trei za Jumamosi; kwamba kutoka bekari hadi hospitali ni vituo vinne vya treni; kwamba treni zilikuwa zinapita juu ya kichwa chake kila baada ya dakika sita, na hakupanda.

Wilmar apumzike kwa amani, ile tuliyochelewa kumpa.