Mwisho Ambao Mzee Pettengill Hakuufanyia Mazoezi

Jumamosi hii, tarehe 30 Juni 1923, Bwana Lucius Pettengill anastaafu baada ya miaka arobaini na mmoja ya uigizaji: ishirini na saba jukwaani, na kumi na minne mbele ya kamera hapa Studio za Hazelton, Fort Lee. Kwetu sisi wa chumba cha ushonaji yeye ni Mzee Pettengill tu, na kofia yake ya majani tumeishona mara nyingi kuliko vazi jingine lolote.

Alianzia mji wa Utica, akiwa na bata bukini aliyefunzwa kupiga saluti. Bata ndiye aliyetangulia kupata umaarufu. Baadaye alizunguka kwa treni mji baada ya mji, akiimba, akicheza dansi ya viatu vya mbao, na kuporomoka kutoka juu ya ngazi akiwa na bakuli la supu bila kumwaga hata tone.

Alipohamia kwenye filamu, ambazo hazina sauti, wenzake wa jukwaani walimcheka kwamba amekwenda kuwa bubu. Yeye hakujali. Aliendelea kutamka kila neno mbele ya kamera, hata pale waigizaji wengine walipokuwa wakibishana kuhusu besiboli katikati ya busu. Wanafunzi wa shule moja ya viziwi, ambao husoma midomo, walipotutembelea, waliwapita mashuhuri wote wakaenda kumshika mkono yeye.

Kuna desturi moja ambayo hakuiacha jukwaani. Waigizaji wa zamani hawatamki maneno ya mwisho ya mchezo wakati wa mazoezi. Huyaweka mpaka watazamaji waketi, la sivyo mchezo huingia nuksi. Kwa kuwa kwenye filamu zetu maneno hayasikiki, Mzee alikuwa akificha kitendo cha mwisho.

Machi mwaka huu, desturi hiyo nusura imponze. Katika filamu yake ya mwisho alikuwa baba anayemsindikiza bintiye stesheni. Treni tuliazimwa kwa asubuhi moja, na ingeondoka mara moja tu. Mwongozaji, Bwana Prentiss, alikuwa akitokwa na jasho kwenye baridi.

"Mzee, treni hii hairudi. Tuonyeshe basi mwisho utafanyaje."

"Mwisho haufanyiwi mazoezi, mwanangu. Wewe chunga treni yako."

"Ukiharibu, filamu nzima imekwenda, na mimi nakwenda nayo!"

"Basi tutakwenda wote. Mwambie mtu aniwekee sandwichi."

Otto Brandvold, mpiga picha wetu, aliuliza aache wapi kuzungusha mpini wa kamera. Akajibiwa kwamba atajua mwenyewe.

Treni ikaondoka. Mzee akavua kofia, tukadhani atapunga. Hakupunga. Aligeuka akatupa mgongo, yeye aliyefundishwa tangu ujana kwamba mwigizaji hawapi watazamaji mgongo kamwe. Mabega yakashuka. Yakakaa hivyo. Kisha akayainua, kama mtu aliyekumbuka kwamba nyumbani kuna kuku hawajalishwa, akavaa kofia na kwenda zake. Otto alizungusha mpini mpaka utepe ukaisha, na bado akawa anazungusha. Bwana Prentiss alijifuta macho kwa mkono wa koti.

"Jamani, mpeni mzee sandwichi yake," alisema.

Sasa magoti yamekataa ngazi, naye anarudi Utica kwa dada yake. Tunamshukuru kwa vicheko, kwa subira yake kila tulipomchoma na pini, na kwa kutufundisha kwamba hata mgongo huongea.

Jana tulipokuwa tukifanya mazoezi ya kuusoma wasifu huu na kukaribia mwisho, Mzee alipita mlangoni, akainua kidole, na sote tukanyamaza. Kwa hiyo maneno yafuatayo hayajatamkwa na mtu. Tumekuwekea wewe.

Nenda salama, Mzee wetu. Ule ushibe, ulale mpaka jua liwe juu, uwe na raha siku zako zote. Na leo ukitupa mgongo pale mlangoni, tutajua unachosema.