Bi. Ardis Kucera na Nyasi za Shimo la Saba

Tarehe 30 Septemba 1978 Bi. Ardis Kucera atakabidhi funguo za duka la gofu la Klabu ya Cottonwood Bend, baada ya kuwa mwalimu wetu kwa miaka ishirini na miwili na miezi sita. Wasifu huu ulikuwa uandikwe na katibu wa klabu, lakini katibu ameteguka kifundo cha mkono, na kamati ikamtwisha mtunza nyasi mzigo huo kwa kuwa ndiye aliyefanya kazi na Bi. Kucera muda mrefu kuliko wote. Hilo ni kweli. Ni kweli pia kwamba mara ya mwisho mtunza nyasi huyo kuandika kitu kirefu kuliko orodha ya mbegu ilikuwa mwaka 1944, akiwa jeshini, na mama yake alishindwa kukisoma.

Bi. Kucera alizaliwa mwaka 1916 kwenye shamba la mahindi hapa hapa Nebraska, mtoto wa nne kati ya saba. Gofu alijifunzia kwenye uwanja wa mji wao, ambao hata nyasi za kuzunguka mashimo haukuwa nazo. Palimwagwa mchanga uliochanganywa na mafuta machafu ya magari, na kila mchezaji aliusawazisha kwa reki kabla ya kupiga. Mwaka 1948 aliingia gofu ya kulipwa, enzi ambazo wanawake wa kazi hiyo walikuwa wachache kiasi cha kuenea kwenye magari machache. Na kweli ndivyo walivyosafiri, kwa msafara, toka jimbo hadi jimbo. Walipima uwanja wenyewe, wakachimba mashimo wenyewe, wakaandika matokeo wenyewe, na siku moja kabla ya mashindano walisimama katikati ya viwanja vya besiboli wakipiga mipira ili watu wajue kesho kuna mchezo. Alishinda mashindano mawili na akawa wa pili mara tisa. Husema kwamba wa pili halali njaa, ila hapigwi picha.

Kwetu alifika Machi 1956, mgongo ukiwa umeshaanza kumsumbua. Siku hiyo mtunza nyasi alikutana naye mlangoni, akamwelekeza jikoni na kumwambia kwamba mpishi anataka vitunguu viwe vimemenywa kabla ya saa sita. Bi. Kucera alikwenda. Alimenya vitunguu vyote, akanawa mikono, akarudi kuuliza duka la gofu liko upande gani.

Amefundisha watu wengi kuliko tunavyoweza kuwataja. Watatu wamekuwa mabingwa wa vijana wa jimbo. Mwingine ni Dkt. Thurman Rasmussen, daktari wetu wa meno, aliyekuja akipiga mpira kama anayeng'oa gego, na leo anapiga kama anayeliziba tu. Mwanafunzi mmoja pekee ndiye aliyemshinda. Alifundishwa bure miaka kumi na mmoja, na hadi leo kila mpira anaoupiga unakwenda kulia, barabarani. Naye ndiye mwandishi.

Sasa twende mwaka 1959. Bi. Kucera aliwashawishi wenzake wa zamani walete mashindano yao hapa kwetu mwezi Juni. Walikubali kuja kumi na wanane. Kamati haikuwa na shauku. Dkt. Rasmussen, mwenyekiti wa wakati huo, alikuwa amekwisha kusema wazi kwamba angependelea mwalimu mwanamume, na mkataba wa Bi. Kucera ulikuwa unakwisha mwezi huo huo.

Siku tisa kabla ya mashindano, grini ya shimo la saba ilikufa. Kwa wageni wasiocheza, grini ni zile nyasi fupi laini zinazozunguka shimo, ambazo mpira husukumwa juu yake taratibu. Kulipokucha ilikuwa ya kahawia kama zulia la kanisani. Ilikufa kwa sababu mtu fulani alichukua pipa la dawa ya kuua magugu akidhani ni mbolea ya maji. Mtu huyo ni mimi, Delmer Voss. Nimejikaza kuandika "mtunza nyasi" mpaka hapa kwa kuwa niliambiwa wasifu huandikwa hivyo, lakini hapa nimeshindwa.

Kamati ilikutana Alhamisi mchana. Nilisimama mlangoni nikiwa nimeikunja kofia yangu mikononi. Dkt. Rasmussen akauliza nani kafanya hivi. Nami nikaikunja kofia mara ya pili.

"Uwanja uko chini yangu, Daktari," alisema Bi. Kucera. "Nyasi zikifa, niulizwe mimi."

Akawaahidi kwamba grini itakuwa tayari siku ya mashindano. Isipokuwa tayari, ataondoka bila ugomvi. Wakayaandika hayo kwenye kitabu cha kumbukumbu. Kule nje nilimwambia narudi ndani kusema ukweli.

"Delmer, wewe una watoto watatu, mimi nina gari. Kalete koleo."

Asije mtu akadhani alikuwa malaika. Kwa siku tatu nzima aliniita majina ya Kicheki, lugha ya wazazi wake, ambayo maana yake nilikuja kuambiwa baadaye na kaka yake, na nilijuta kuuliza.

Tulikata grini ya mazoezi vipande vipande, nyasi pamoja na udongo wake, tukavibeba na kuvipanga kwenye shimo la saba kama vigae. Wenzake wanne waliowahi kufika waliweka chini mifuko yao ya fimbo, wakashika makoleo. Mmoja wao, Bi. Opal Tidwell wa Tennessee, mwanamke mrefu kunipita kichwa kizima, alibeba vipande viwili viwili. Alinitazama kidogo, akasema, "Kaka, wewe ndiwe mwenye pipa, siyo?" Hakuna aliyekuwa amemwambia. Alicheka mpaka akakaa chini.

Grini ilishika. Jumapili, siku ya mwisho, Bi. Kucera alikuwa anaongoza, na miaka yake arobaini na mitatu na mgongo wake ule. Mama yake mzazi alikuwepo, kwa mara ya kwanza na ya mwisho kumwona akicheza. Kwenye shimo la saba alibakiza mkwaju wa umbali usiozidi mwavuli. Mpira ulikwenda vizuri, ukafika kwenye mshono wa vipande viwili, ukaruka pembeni.

Mshono ule naujua. Vipande vyote tulivikandamiza kwa rola, isipokuwa hivyo viwili. Mama Kucera alikuwa ameleta mikate ya matunda ya plamu, nami nikavikanyaga kwa kiatu nikakimbilia kula.

Bi. Kucera aliutazama mpira, akanitazama mimi kati ya watu, akausukuma ndani, akaenda shimo la nane. Bi. Tidwell alimshinda kwa mkwaju mmoja. Kesho yake nilimkuta Bi. Kucera shimo la saba na rola. "Kona ya kushoto, Delmer," alisema.

Mkataba wake uliendelea. Lakini kitabu cha klabu kiliandika kwamba grini ilikufa "kwa uzembe wa mwalimu." Kila mwaka, kwenye chakula cha jioni cha wanachama, Dkt. Rasmussen alirudia utani wake kuhusu wanawake na dawa za magugu. Nilicheka pamoja na wengine. Mara kumi na tisa.

Jumanne iliyopita nilikwenda mbele ya kamati kuomba kitabu kisahihishwe. Dkt. Rasmussen alivua miwani, akaniomba nirudie. Kisha akaomba kalamu, akaandika yeye mwenyewe, polepole. Kitabu kikiwa bado wazi, mjumbe mmoja alipendekeza tuifute na ile kanuni inayokataza wanawake kucheza Jumamosi kabla ya saa sita mchana. Kwa kanuni hiyo, mwalimu wetu amefungua geti kila Jumamosi alfajiri, akawapanga wanaume na kuwatakia mchezo mwema, na hajawahi kupiga mpira hata mmoja hapa Jumamosi asubuhi. Mikono iliyokubali ilikuwa kumi na mmoja, iliyokataa miwili.

Nilipompa habari za kitabu alinikasirikia. "Ungeniachia pipa langu," alisema. "Nilishalizoea." Halafu akauliza hao wawili waliokataa ni akina nani.

Bi. Kucera, klabu inakushukuru kwa kazi yako yote, na mimi ninakushukuru kwa ajira yangu. Jumamosi tarehe 7 Oktoba, saa moja asubuhi, jina lako ndilo la kwanza kwenye ubao. Wanaume wote tumeandikwa chini yako. Piga bila haraka. Tutasimama nyuma kusubiri zamu yetu. Uishi vizuri, Ardis.